Chapati za maji zenye wimbi na mboga: kiamshakinywa kisichomwacha mtoto na njaa

Je, watu wa nyumba yako walikula nini leo asubuhi kabla ya kutoka? Katika nyumba nyingi za mijini jawabu ni lile lile: vipande viwili vya mkate mweupe vilivyopakwa siagi na chai ya maziwa yenye sukari tele. Siku ya haraka huwa ni mandazi mawili ya kando ya njia, yaliyokaangwa katika mafuta yanayotumika tangu alfajiri, kama si tangu jana. Mtoto hushiba wakati huo, lakini kufikia saa nne njaa imemrudia na mwalimu anamwona akisinzia. Baba naye, ambaye huenda ameambiwa kliniki kwamba sukari yake imeanza kupanda, anakula chakula hicho hicho kwa sababu hakuna kingine mezani.

Leo tunataka kukuonyesha, msomaji, jinsi ya kubadilisha kiamshakinywa hiki bila kuongeza gharama kubwa wala kuamka saa tisa za usiku. Tutatumia chakula ambacho kila mtoto anakijua, yaani chapati za maji, au pankeki kama wengi wanavyoziita. Tofauti itakuwa katika unga, katika mboga zitakazotiwa ndani, na katika kile utakachokunywa nazo. Hilo la tatu ndilo wengi husahau, na ndilo linaloharibu kazi yote.

Tuanze na unga. Punje ya nafaka ina sehemu tatu: ganda la nje, ambalo likisagwa huitwa wishwa, kiini kidogo ambacho ndicho kingeota, na wanga uliojaa katikati. Unga mweupe wa ngano ni ule wanga tu. Wishwa na kiini huondolewa kiwandani, navyo huondoka na sehemu kubwa ya nyuzinyuzi, madini ya chuma, zinki na vitamini za kundi la B. Mabaki hayo huuzwa kama chakula cha mifugo. Kwa hivyo ng'ombe na kuku hupata sehemu nono ya punje, nasi tulioinunua ngano tunabaki na wanga.

Nafaka nzima huacha kila kitu ndani. Unga wa atta una wishwa mwingi kuliko unga mweupe, na unapatikana karibu kila duka. Wimbi husagwa lote kwa kuwa punje yake ni ndogo mno kuweza kukobolewa kwa urahisi. Gramu 100 za wimbi zina takriban miligramu 340 za kalsiamu, kiasi ambacho nafaka nyingine za kawaida hazikikaribii. Mtama pia hufaa, hasa ule mwekundu, ingawa ladha yake ni kali kidogo.

Hata hivyo, kuna jambo ambalo wapenzi wa unga wa kienyeji hawapendi kulisikia. Tangu mwaka 2012 sheria ya Kenya inataka unga wa ngano na wa mahindi unaouzwa kwenye pakiti uongezwe madini ya chuma, zinki, asidi ya foliki na vitamini kadhaa. Unga uliosagiwa kwenye mashine ya mtaani hauongezwi chochote. Si kweli basi kwamba cha dukani ni kibaya na cha mashineni ni kizuri daima. Sisi tunaona njia ya busara ni kuchanganya: sehemu mbili za atta ya pakiti yenye nembo ya kuongezwa virutubishi, na sehemu moja ya wimbi uliosagisha mwenyewe. Mchanganyiko huo una faida nyingine ya jikoni. Wimbi halina ile nata ya ngano iitwayo gluteni, na ndiyo maana chapati ya kusukuma ya wimbi tupu hupasuka mikononi. Atta na mayai huishika.

Dada au mama mjamzito asichukue maelezo haya kuwa ruhusa ya kuacha vidonge vya chuma na foliki anavyopewa kliniki. Chakula hiki ni cha kusaidia. Hakichukui nafasi ya vidonge hivyo.

JIONI KABLA YA KULALA

Kazi ya kwanza hufanywa usiku, nayo ni ya dakika tano. Chukua kikombe kimoja cha unga wa wimbi, ukitie ndani ya bakuli pamoja na kikombe kimoja cha maziwa ya mala na kikombe kimoja cha maji. Koroga, funika, uache mpaka asubuhi. Ukiwa Mombasa au Kisumu kwenye joto jingi, weka kwenye friji kama unayo, la sivyo loweka usiku sana ili usichachuke kupita kiasi.

Huenda ukauliza kwa nini tusumbuke kulaza unga. Wishwa una dutu ziitwazo fitati ambazo hushikana na chuma, zinki na kalsiamu na kuyazuia yasiingie mwilini. Unaweza kula madini mengi kwa hesabu ya karatasi, na kumbe mengi yanapita tu. Unga unapochachuka, fitati hupungua. Nyanya zetu waliochachusha uji wa wimbi kwa siku mbili walifanya jambo la maana sana, hata kama walikuwa wakitafuta ladha tu.

Usitie mayai usiku. Mayai mabichi hayalazwi ndani ya unga.

ASUBUHI

Ongeza vikombe viwili vya atta, mayai mawili yaliyopigwa, nusu kijiko cha chai cha chumvi, na maji kidogo kidogo huku ukikoroga hadi rojo iwe nzito kuliko maziwa na nyepesi kuliko uji. Vikombe viwili vya maji hivi hutosha, lakini atta hutofautiana, kwa hivyo tazama rojo yenyewe. Iache robo saa. Wishwa hunywa maji polepole, na asiyesubiri huona rojo yake imekuwa nzito afikapo chapati ya tatu.

Wakati unasubiri, tayarisha mboga. Kuna karoti mbili, au kipande cha malenge kama kiganja, zilizokunwa kwa greta. Halafu sukumawiki konzi mbili, iliyokatwa nyembamba kama unavyoikata ya kula na ugali, tena iwe fupi ili isining'inie mdomoni mwa mtoto. Kitunguu kimoja kidogo, pilipili hoho moja na dania kidogo. Osha kabla ya kukata, si baada, maana vitamini C huondoka na maji. Wengine huchemsha mboga kwanza na kumwaga maji yake kwenye sinki. Hakuna haja. Zikikatwa ndogo huiva ndani ya chapati.

Mchicha na spinachi hupendwa kwa rangi yao, na si vibaya kuvitumia. Lakini vyote viwili vina asidi ya oksali ambayo huifunga kalsiamu. Ukitafuta kalsiamu, sukumawiki, ambayo ndiyo ya bei nafuu zaidi sokoni, ni bora. Pilipili hoho nayo haikuwekwa hapa kwa urembo. Ina vitamini C nyingi, nayo husaidia chuma cha nafaka na mboga kufyonzwa. Moto huipunguza lakini hauimalizi.

Mafuta ndiyo mahali ambapo chapati nzuri huharibiwa. Tia kijiko kimoja cha mezani cha mafuta ya maji ndani ya rojo yenyewe. Kisha kata kitunguu nusu, kidunge kwa uma, ukichovye kwenye mafuta na kupaka kikaango mara moja kabla ya kila chapati. Utashangaa jinsi mafuta kidogo yanavyotosha. Usifanye kosa la upande wa pili la kuyaondoa kabisa. Rangi ya karoti, malenge na sukumawiki ina kiasili ambacho mwili hukigeuza kuwa vitamini A, nacho hakifyonzwi vizuri pasipo mafuta kidogo. Mafuta ya kuganda ni heri uyaache dukani, kwa kuwa huongeza kolesteroli katika damu.

Pasha kikaango kwa moto wa wastani. Mimina upawa mmoja wa rojo, utandaze. Wimbi huchelewa kuiva kuliko ngano, kwa hivyo usigeuze upesi: ngoja uso wa juu ukauke na kingo zianze kujiinua zenyewe. Geuza, subiri kama dakika moja, toa. Utapata kama chapati kumi na mbili.

Watoto wengine watakataa wakiona rangi. Wimbi hufanya chapati kuwa ya hudhurungi iliyokolea, na mtoto wa mjini amezoea kitu cheupe. Wiki ya kwanza tumia robo kikombe tu cha wimbi na karoti pekee, maana karoti ina utamu wake. Ongeza wimbi na majani kidogo kidogo. Kumlazimisha kwa kiboko kutamfanya aichukie hadi ukubwani. Usitie sukari wala vile vidonge vya kuongeza ladha ya mchuzi, ambavyo sehemu yake kubwa ni chumvi.

CHAI NAYO?

Hapa ndipo tulipokuwa tukielekea. Chai, iwe ya rangi au ya maziwa, ina tanini, na tanini huzuia chuma cha mboga na nafaka kufyonzwa. Kahawa ni hivyo hivyo. Ukiamka mapema ukalaza unga, ukakata sukumawiki, kisha ukateremsha chapati hizo kwa kikombe kikubwa cha chai, umejipokonya sehemu nzuri ya kile ulichokitafuta. Kwa mtoto mwenye upungufu wa damu, au msichana aliyeanza kupata hedhi, hasara hiyo si ndogo. Mpe maji pamoja na chungwa, kipande cha papai au pera. Chai ingoje saa moja hivi baada ya kula. Tunajua kumwambia Mkenya aahirishe chai ya asubuhi ni kama kumwambia aahirishe jua, lakini saa nne ipo, na chai ya saa nne haina ubaya huo ikinywewa peke yake.

Kwa wenye kisukari, tuseme waziwazi: wimbi ni wanga. Uvumi kwamba "halina sukari" umewaponza watu waliokula chapati sita kwa imani hiyo. Nyuzinyuzi hupunguza kasi ya sukari kuingia kwenye damu, lakini wanga mwingi unabaki kuwa wanga mwingi. Chapati mbili, zilizojaa mboga, pamoja na yai au maharagwe, zinatosha. Ukiwa na kipimo nyumbani, jipime saa mbili baada ya kula uone mwili wako unasemaje, na usibadilishe dawa bila kumwona daktari.

Unga wenyewe unahitaji uangalizi. Kiini cha punje kina mafuta, kwa hivyo unga wa nafaka nzima huchacha upesi kuliko mweupe. Sagisha wa wiki mbili tu, uweke kwenye chombo chenye kifuniko, mahali pakavu. Ile desturi ya kusagisha wimbi, mtama, soya, omena na njugu karanga pamoja hatuipendi: njugu huharakisha unga kuharibika, na nafaka moja yenye unyevu huchafua zote. Nafaka yenye ukungu au harufu ya uvundo itupwe, hata kama imegharimu pesa. Mwaka 2004, mahindi yenye sumu ya aflatoksini yaliwadhuru watu 317 katika sehemu za Makueni, Kitui na jirani zake, na 125 kati yao wakafariki. Sumu hiyo haiondolewi na moto wa kikaango.

Chapati zikibaki, ziache zipoe, zifunike, uziweke kwenye friji zisizidi siku mbili. Asiye na friji apike za kuliwa siku hiyo hiyo, maana yai na mboga havivumilii joto la mchana kutwa. Za kubeba shuleni zifungwe zikiwa zimepoa kabisa, la sivyo mvuke huzifanya zilowe ndani ya mkebe.