Ukoo wa Mbuni: Somo kwa Mwenye Kutafuta Miche

Ndugu mkulima wa Kachibora, katika nchi hii yetu ya mahindi wako wenzetu wanaotenga nusu ekari kwa ajili ya kahawa. Ni jambo jema. Lakini wengine huenda kwa jirani, huokota miche iliyoota yenyewe chini ya mibuni yake, na kufurahi kwamba wameipata bure. Ndiyo maana mwezi huu tunafundisha habari za ukoo wa mbuni.

Ukoo huu una aina zaidi ya 120, nyingi zikiwa za porini. Zenye biashara kubwa ni mbili tu: arabika, ambayo ndiyo kahawa yetu, na robusta, ambayo ni nyingi Uganda. Arabika ni mtoto. Baba yake ni robusta, na mama yake ni kichaka cha msituni ambacho wataalamu hukiita eugenioidesi. Kichaka hicho kingali kinaota katika misitu ya magharibi ya Kenya. Punje zake ni ndogo na kafeini yake ni haba. Ukikiona usikikate kuni.

Ua la robusta halizai kwa chavua ya mti wake, bali hungoja ya mti mwingine. Ua la arabika hujitosheleza. Kwa hiyo mbegu ya SL 28 huota ikifanana na mzazi wake, na aliyeokota miche ya namna hiyo alipata kahawa ile ile. Lakini mibuni inayofanana huugua pamoja. Chulebuni, ugonjwa unaotia madoa meusi yenye kubonyea katika matunda mabichi, ulionekana magharibi mwa Kenya mwaka 1922, nao hupenda baridi na mvua, mambo ambayo Cherangani hatuyakosi.

Mwaka 1985 watafiti wa Ruiru walitoa mbuni mfupi wenye kustahimili ugonjwa huo na kutu ya majani, yaani Ruiru 11. Sehemu ya nguvu zake ilitoka kwa mbuni wa kisiwa cha Timor, ambako arabika na robusta zilichanganyika zenyewe. Ruiru 11 ni chotara: mbegu zake hufanywa kwa mkono, chavua ya mzazi mmoja ikipelekwa kwenye ua la mwingine. Wewe wajua jambo hili tangu kituo cha Kitale kilipotoa mahindi chotara mwaka 1964: hupandi tena punje za gunia lako. Basi mche uliookotwa chini ya Ruiru 11 hauna hakika. Mmoja utakuwa mfupi, mwingine mrefu, mwingine utaugua. Na kwa mahindi utapoteza msimu mmoja tu. Kwa kahawa utapalilia na kutia mbolea miaka miwili au mitatu kabla ya kuona matunda yakigeuka meusi.

Batian, iliyotolewa mwaka 2010, ni habari nyingine. Nayo huvumilia magonjwa hayo, lakini si chotara wa kutengenezwa kila mara. Mbegu yake hufuata mzazi. Hata hivyo nunua kwenye kitalu kinachojulikana, maana mche mdogo hausemi jina lake, na jirani huenda amesahau alichopanda.

Uliza jina kabla ya kuchimba mashimo. Ruiru 11 hutosheka na mita 2 kwa 2. Batian ni mrefu, hutaka nafasi zaidi. Na kama shamba lako liko juu sana mlimani, mwite kwanza bwana shamba alitazame, kwa kuwa baridi kali hukunja majani ya mibuni yote, chotara na isiyo chotara.