Mauzo yameshuka, au Iddi imehama?

Jamani wauzaji wenzangu, Aprili 2025 madera yalinidodea, mauzo chini kuliko Aprili 2024. Nikataka kushusha bei zote, nile hasara.

Kulinganisha mwezi na mwezi kama huo wa mwaka jana si kosa. Hata Ofisi ya Mtakwimu Mkuu wa Serikali Zanzibar hufanya hivyo kwa watalii, maana masika na Julai havifanani.

Lakini Iddi el-Fitri 2024 ilikuwa 10 Aprili, 2025 ikawa 31 Machi. Wateja walishanunua Machi! Ramadhani huwahi kama siku 11 kila mwaka.

Kwa hiyo, nguo za sikukuu linganisha Ramadhani kwa Ramadhani. Kwenye daftari andika na tarehe ya Kiislamu. Wewe unaandika?