Matunzo ya Mtoto Wazazi Wanapoachana: Kwa Familia za Kihindu za Kipevu na Changamwe

Kijitabu hiki ni cha mzazi aliyefunga ndoa ya Kihindu na ambaye sasa anaishi mbali na mwenzake. Ni cha babu na nyanya pia, maana mara nyingi ndio wanaoachiwa karo na maziwa ya mtoto wakati wakubwa wanazozana.

Kwanza: sheria gani inamhusu mtoto wako?

Kenya ilikuwa na sheria yake ya ndoa na talaka za Kihindu tangu mwaka 1960. Ilifutwa ilipokuja Sheria ya Ndoa ya mwaka 2014, ambayo ilikusanya pamoja ndoa za Kikristo, za Kiislamu, za Kihindu, za kimila na za kiserikali. Ndoa ya Kihindu ina sehemu yake humo: ni ya mume mmoja na mke mmoja, na sababu za kuivunja zimetajwa. Lakini matunzo ya mtoto husimamiwa na Sheria ya Watoto ya mwaka 2022, ile ile inayomlinda mtoto wa jirani yako Mgiriama au Mluo. Juu yake ipo Katiba ya mwaka 2010, Ibara ya 53, inayowapa mama na baba wajibu sawa wa kumtunza mtoto, wawe wameoana au hawakuoana.

Maneno hayo ya mwisho yana uzito hapa kwetu. Mwanamke aliyezaa na mwanamume wa Kihindu bila ndoa, hata kama ukoo wa baba haujamkubali, anaweza kudai matunzo ya mtoto. Baba akikana, mahakama inaweza kuagiza kipimo cha DNA.

Jamaa wakikupigia simu kutoka Gujarat, watakueleza sheria ya India ya mwaka 1956, ambayo humwajibisha baba kumtunza binti asiyeolewa na asiyeweza kujikimu. Hiyo ni sheria ya kwao. Hapa matunzo huenda mpaka mtoto atimize miaka 18, awe wa kike au wa kiume, na mahakama inaweza kuyaendeleza baada ya hapo ikiwa kuna sababu maalumu, kwa mfano masomo ambayo hayajakwisha au ulemavu.

Usingoje talaka

Hili ndilo tunalotaka ulishike kuliko mengine yote. Wazazi wengi, na hasa akina mama, hukaa miaka wakisubiri ndoa ivunjwe rasmi ndipo wadai matunzo. Wengine husubiri kwa aibu, wakiogopa jina la familia kutajwa hekaluni. Mtoto hula leo. Maombi ya matunzo yanaweza kupelekwa mahakamani ndoa ikiwa bado ipo, na hakimu anaweza kutoa amri ya muda kesi ikiendelea.

Wazee wa jumuiya wakiwaketisha chini na mkaafikiana, ni jambo jema, na tunalihimiza. Ila mapatano ya mdomo hayana nguvu siku baba au mama atakapobadili nia. Yaandikeni: nani analipa karo, nani analipa kodi ya nyumba, hospitali ni juu ya nani, na fedha zitumwe tarehe ngapi. Kisha yapelekeni mahakamani yasajiliwe. Afisa wa watoto wa serikali anaweza kuwasaidia kupatana.

Mkishindwa kuelewana, Mahakama ya Watoto ya Tononoka iko ng'ambo tu ya Makupa. Beba cheti cha kuzaliwa cha mtoto, karatasi ya karo, risiti za kodi na dawa, na taarifa ya M-Pesa inayoonyesha nani amekuwa akituma nini. Hakimu huangalia kipato cha kila mzazi, mahitaji ya mtoto, afya yake, masomo aliyozoea, hata dini na desturi za familia. Kwa hiyo kama mtoto amelelewa bila kula nyama, au anasoma shule ya jumuiya, liseme wazi na uonyeshe gharama yake. Baba mwenye kampuni ya kutoa mizigo bandarini asidhani kuandika biashara kwa jina la kaka yake kutamficha. Maisha anayoishi ni ushahidi pia. Na mama mwenye mshahara naye atachangia kwa uwezo wake.

Mtoto si rehani

Mzazi asiyelipa bado ana mtoto, na mtoto bado ana haki ya kumwona. Usimfungie mlango siku ya Diwali kwa sababu fedha hazijafika. Vilevile, mzazi anayenyimwa kumwona mtoto asikate matunzo kulipiza. Kila jambo lina maombi yake mahakamani. Wanaoumia katika mvutano huo tunawaona, na umri wao ni miaka sita, saba.

Amri ikipuuzwa

Mahakama inaweza kuagiza mwajiri akate mshahara, mali ikamatwe, au anayekaidi afungwe. Ukisikia mwenzako anajiandaa kuhamia Uingereza, muone wakili kabla hajaondoka. Asiye na fedha za wakili aulize huduma ya taifa ya msaada wa kisheria au FIDA Kenya, shirika la mawakili wanawake. Mtoto akiwa hatarini au ametelekezwa, piga 116 bila malipo.

Nawe unayelipa, ukipoteza kazi au biashara ikianguka, usinyamaze miezi ikapita deni likapanda. Rudi Tononoka na ushahidi wako, uombe kiwango kipunguzwe. Mpaka hakimu aseme vingine, kiwango cha zamani ndicho unachodaiwa.