Skani tatu, majibu matatu

*Shangazi, nina miaka 38 na watoto watatu. Wa mwisho nilimzaa kwa upasuaji. Nauza mchele hapa njia panda ya Awasi. Huu mwaka wa nne hedhi yangu inachukua siku tisa, damu ni ya mabonge, na maumivu yanatoka kiunoni hadi mapajani. Nikibeba gunia naona kizunguzungu na moyo unaenda mbio. Nimetibiwa PID, maambukizi ya via vya uzazi, mara nyingi mpaka mume wangu anauliza ninaitoa wapi. Skani ya kwanza iliandikwa kizazi ni kikubwa kiasi, basi. Ya pili ikasema ni fibroidi. Ya tatu, ya Kisumu, inasema huenda ni adenomiosisi, na daktari akataja MRI. Daktari mwingine ananiambia nitolewe kizazi yaishe. Mama mkwe anasema ni chira, laana ya kuvunja mwiko, ananichemshia manyasi, dawa za mitishamba. Mume yuko tayari kuuza ng'ombe tupate pesa za MRI. Nani anasema kweli?*
*Muuza Mchele, Awasi*

Mwanangu, ng'ombe abaki zizini kwanza. Kabla hujafikiria picha ya nne, kuna kipimo cha bei ndogo ambacho sikukiona popote katika barua yako: cha wingi wa damu. Mwanamke asiye na mimba anatakiwa awe na himoglobini ya 12 kwenda juu. Ikishuka chini ya 8 huo ni upungufu mkubwa, na hapo haipangwi tarehe ya mwezi ujao. Panda matatu hadi Ahero kesho upimwe. Huku kwetu kando ya ziwa mtu akiishiwa damu kila mmoja anataja malaria au selimundu. Magonjwa hayo kweli yapo tele, lakini kwa sababu hiyo hiyo damu inayopotelea kwenye pedi haiulizwi. Wewe ihesabu. Andika kwenye daftari la mauzo, ukurasa wa nyuma: pedi ngapi kwa siku, umeamka mara ngapi usiku kubadilisha, bonge lilizidi sarafu ya shilingi 20 au halikuzidi. Karatasi hiyo itamsaidia daktari kuliko kumwambia tu kwamba "damu ni nyingi."

Sasa nikujibu swali lako. Inawezekana kabisa skani zako zote tatu zinasema kweli, kila moja kwa kadiri ilivyoulizwa.

Kizazi kina utando wa ndani ambao hujengeka na kumwagika kila mwezi. Katika adenomiosisi, vipande vya utando huo vimepenya na kukaa ndani ya ukuta wenyewe, katikati ya misuli. Mwezi ukifika navyo huitikia, lakini damu yake haina pa kutokea vizuri. Misuli inayovizunguka hunenepa na kukaza, kizazi kinakuwa kikubwa na kizito, hedhi inarefuka. Si saratani. Si maambukizi. Huonekana zaidi kwa wanawake wa miaka ya 30 na 40 waliokwisha kuzaa, na upasuaji wa kizazi, kama huo uliomzalia kitinda mimba wako, umehusishwa nayo. Lakini wasichana nao huipata, na siku hizi wanagunduliwa kwa sababu picha zimekuwa bora.

Kwa hiyo ile skani ya kwanza, iliyoandika kizazi ni kikubwa kiasi, tayari ilikuwa imekupa dokezo, ila hakuna aliyelifuata. Ya pili iliona pamenenepa ikapaita fibroidi, jambo linalotokea sana. Wewe unauza mchele, utanielewa upesi: fibroidi ni jiwe ndani ya mchele, lina mpaka wake, unaliona na kuliokota, adenomiosisi ni chenga zilizochanganyika gunia zima. Kwa sababu hiyo daktari wa upasuaji anaweza kuondoa fibroidi akaacha kizazi, lakini adenomiosisi iliyoenea ukuta mzima haiondoleki kirahisi hivyo. Tena usishangae ukiambiwa unazo zote mbili. Hukaa pamoja mara nyingi.

Chukua zile fomu za zamani kama bado unazo, usome palipoandikwa sababu ya kipimo. Nina hakika utakuta "maumivu ya tumbo la chini" na pengine "PID" yenye alama ya kuuliza. Anayepiga picha huanza kutafuta kile alichotumwa kutafuta. Ameambiwa aangalie maambukizi, basi ameangalia kama kuna usaha na maji, hakuyaona, akaandika mengine kwa ufupi akaita anayefuata, maana foleni ni ndefu. Simlaumu sana. Ninayemlaumu ni aliyejaza fomu kwa maneno matatu huku mgonjwa amekaa mbele yake miaka minne.

Jambo la pili ni njia ya kipimo chenyewe. Ile skani ya kupakwa jeli tumboni, umekunywa maji mpaka kibofu kinauma, inautazama ukuta wa kizazi kutoka mbali. Kwa adenomiosisi, skani inayofaa zaidi ni ya kupitia ukeni: kibofu kitupu, kifaa chembamba kilichovishwa kondomu. Inasumbua kidogo, haitakiwi kuumiza. Una haki ya kuomba muuguzi wa kike awemo chumbani, na una haki ya kusema simama. Hujaniambia kama hiyo ya Kisumu ilikuwa ya aina hii. Kama haikuwa, hicho ndicho kipimo chako kinachofuata, na bei yake haikaribii ya MRI.

Mtaalamu anayeijua kazi hiyo hatazami ukubwa peke yake. Mwaka 2015 wataalamu wa altrasaundi walikubaliana lugha moja ya kueleza ukuta wa kizazi, wakaiita MUSA, na mwaka 2022 wakaipitia upya wakagawa dalili makundi mawili. Zipo zinazoonyesha ugonjwa wenyewe: vifuko vidogo vya majimaji ndani ya msuli, visiwa vyeupe, na mistari au vichipukizi vinavyotoka kwenye utando kuingia ukutani. Nyingine ni za kutilia shaka tu: kizazi kuwa cha mviringo kama mpira, ukuta wa upande mmoja kuwa mnene kuliko wa pili, vivuli vilivyotawanyika kama upepeo, mpaka kati ya utando na msuli kuvurugika. Kisha huwashwa Doppler ya rangi kuona mishipa: kwenye fibroidi damu huizunguka, kwenye adenomiosisi mishipa hupita katikati. Ripoti ya mstari mmoja haitoshi kwa haya. Omba iandikwe ni dalili zipi zilizoonekana na ziko ukuta upi. Omba pia watazame ovari na nyuma ya kizazi, kwa ajili ya ndugu wa ugonjwa huu, endometriosisi, ambapo tishu kama ile ya utando huota nje ya kizazi.

Utakuwa umemsikia Njambi Koikai, yule mtangazaji wa rege aliyefariki tarehe 3 Juni 2024. Alikuwa na endometriosisi iliyofika hadi kifuani, na adenomiosisi pia, na alieleza hadharani jinsi alivyozunguka miaka mingi akitibiwa magonjwa mengine, hadi akaenda kufanyiwa upasuaji Atlanta, Marekani. Ya kufika kifuani ni nadra, usilale ukiiwaza. Ninamtaja kwa sababu hiyo safari ya kupewa jina lisilo sahihi la ugonjwa ndiyo yako.

MRI ni kipimo kizuri, na Kisumu mjini ipo. Haina mionzi, inaonyesha ule mpaka wa kati ya utando na msuli waziwazi; ukifika unene wa milimita 12 au zaidi, madaktari huuhesabu kuwa dalili ya adenomiosisi. Haifanywi siku za hedhi, maana siku hizo mpaka huo hunenepa wenyewe na unaweza kudanganya. Lakini tafiti zilizolinganisha MRI na skani ya ukeni iliyofanywa na mtu mzoefu zimeonyesha kwamba usahihi wake unakaribiana. Mimi ningeilipia kama fibroidi ni nyingi zinaficha picha, kama skani ya ukeni haiwezekani au imeacha shaka, au kama unapangiwa upasuaji unaotaka kubakiza kizazi. Muulize daktari swali hili moja: majibu ya MRI yatabadilisha nini katika matibabu yangu? Akikosa jibu, umeokoa pesa. Akiwa nalo, ulizeni kwanza kama bima ya afya ya SHA itaidhinisha kipimo hicho kabla hamjalipa mfukoni. CT nayo, kama kuna atakayekutajia, si ya kazi hii.

Huyo aliyekuambia utolewe kizazi hajasema uongo, amerukia mwisho. Ugonjwa huu ulielezwa na Rokitansky huko Vienna mwaka 1860, na kwa zaidi ya karne moja njia ya kuuthibitisha ilikuwa kukitoa kizazi na kukiweka chini ya hadubini. Yaani mwanamke alilijua jina la ugonjwa wake akiwa ameshapoteza kiungo chenyewe. Baadhi ya madaktari bado wanafikiri hivyo. Kukitoa ni tiba ya mwisho kweli, na wapo wanaoichagua wakashukuru, lakini hutanguliwa na mengine. Kuna asidi ya traneksamiki ya kupunguza damu siku za hedhi, isipokuwa kama umewahi kuganda damu mishipani; ibuprofeni au Ponstan kwa maumivu; na koili ya homoni, ambayo kwa wengi hupunguza damu sana. Si ile koili ya shaba, hiyo huongeza damu. Kama unayo, sema. Mengi ya haya yanaweza kuanza kwa shaka yenye msingi, bila kungoja picha kamilifu.

Ila kitu kimoja hukukitaja, nami siwezi kukiruka: ukiona damu katikati ya mwezi au baada ya tendo la ndoa, hiyo ni hadithi nyingine. Upimwe shingo ya kizazi.

Mama mkwe usigombane naye. Mwambie unamshukuru, lakini manyasi unayasitisha mpaka daktari ajue yana nini ndani, kwa kuwa upungufu wa damu hauna nafasi ya majaribio. Aspirini nayo iache, huongeza kuvuja. Ukipewa dawa za madini ya chuma, usizinywe na chai. Najua Kericho iko juu tu hapo na chai haikauki mezani, lakini chai huzuia chuma kisiingie mwilini. Acha ipite saa moja au mbili. Mboga ya osuga na omena ule, ila kama damu imepungua havitatosha peke yake.

Sasa mume wako. Siku ya kusomewa majibu nenda naye. Umepewa jina la PID mara zote hizo, na ninavyosoma barua yako sioni kama kuna aliyekupima akathibitisha, nalo likaingia nyumbani kama tuhuma. Mwombe daktari amwambie yeye mwenyewe, kwa Kidholuo kama ndicho anachokielewa zaidi, kwamba adenomiosisi haitoki kwa mtu wala haiendi kwa mtu. Na kama bado mkono unamwasha kutumia pesa, alipe nauli ya wawili hadi Kisumu, skani ya ukeni, na dawa za damu za miezi mitatu.