La Mgambo Likilia: Ala ya Ajabu katika Hadithi ya Kubuni

Mwaka uliopita, katika mtihani wa mwisho wa muhula, niliandika insha kuhusu kijana aliyeokota ngoma ya ajabu msituni. Akiipiga, maadui wanaanguka kifudifudi. Akiipiga tena, mvua inanyesha. Akiipiga mara ya tatu, eti binti mfalme anapona na harusi inafanywa! Nilikabidhi karatasi yangu huku natabasamu. Kumbe nilikuwa najidanganya. Nilipata alama saba kati ya ishirini, na chini yake mwalimu alikuwa ameandika kwa wino mwekundu: "Ngoma imefanya kila kitu. Kijana wako alifanya nini?"

Swali hilo lilinikera, kisha likanifunza. Hebu tulijibu pamoja.

Ala ya ajabu ni nini?

Ni chombo cha muziki kilichopewa nguvu zisizo za kawaida na mtunzi. Kinaweza kuwa ngoma, zeze, filimbi au pembe. Katika opera ya Mozart iliyoonyeshwa mara ya kwanza mjini Vienna mwaka 1791, filimbi ya ajabu inawawezesha wapenzi wawili kupita katika moto na maji. Lakini mfano nitakaoutumia hapa ni pembe ya Susan katika nchi ya Narnia, nchi ya kubuni ya mwandishi C. S. Lewis.

Pembe ya Susan

Katika kitabu cha kwanza cha Narnia, kilichotoka mwaka 1950, msichana Susan anapewa zawadi na Baba Krismasi: upinde, mishale na kipembe cha ndovu. Anaambiwa kwamba akikipuliza, popote alipo, msaada wa namna fulani utamjia. Zingatia maneno hayo, "wa namna fulani". Hakuahidiwa ushindi. Mbwamwitu anapomshambulia, Susan anapuliza pembe. Je, mbwamwitu anaanguka kama maadui wa ngoma yangu? La hasha! Anayekuja ni kaka yake Peter, tumbo joto kwa hofu, na inambidi amuue yule mnyama kwa upanga wake mwenyewe.

Utamu zaidi umo katika kitabu cha mwaka 1951. Watoto wamekwisha rudi Uingereza, na pembe imebaki Narnia. Kwao umepita mwaka mmoja tu, lakini Narnia zimepita karne nyingi. Mwana wa mfalme, Caspian, anapigana na amiye Miraz aliyenyakua kiti cha enzi. Mwalimu wake mzee amempa pembe ile. Vita vinapowaelemea, wanaamua ipulizwe. Huko Uingereza, Susan na nduguze wako kwenye stesheni ya gari la moshi wakienda shuleni. Ghafla wanavutwa na nguvu wasizoziona!

Sasa angalia ustadi wa mtunzi. Msaada hautui kambini. Unatua mbali, kwenye magofu ya jumba la kale, na watoto wanapotea njia. Kambini siku zinapita, mtu haonekani. Wengine wanakata tamaa, na kibeti mmoja, Nikabrik, anataka waombe msaada kwa nguvu za mchawi aliyewahi kuitesa nchi hiyo. Trumpkin, asiyeamini kabisa habari za pembe, ndiye anayekubali kutumwa kuwapokea wageni kwa sababu ya utiifu tu, na ndiye anayewakuta. Mwishowe Peter anapambana na Miraz ana kwa ana. Pembe iliita watu. Kazi waliifanya wao.

Kwetu je?

Wenzangu wengine hudhani mambo kama haya ni ya Wazungu. Si kweli. Pwani yetu ina siwa, pembe kubwa za heshima. Ya Pate imechongwa kwa pembe ya ndovu, ya Lamu ni ya shaba, nazo zimehifadhiwa katika makumbusho ya Lamu. Hupulizwa kupitia tundu la ubavuni. Siwa haikuwa ya kuchezewa na kila mpita njia. Ilihusu watawala na sherehe za watu wa nasaba kubwa. Na wahenga walisema la mgambo likilia kuna jambo. Angalia: likilia, kuna jambo, hawakusema jambo limekwisha. Baragumu huwaita watu watoke nyumbani. Asiyetoka, limemlilia bure.

Basi ushike kanuni hizi:

1. Ala iwe na asili. Imetengenezwa kwa kitu gani? Nani aliitoa, na kwa nini akapewa huyu?

2. Nguvu zake ziwe na mpaka. Ala inayoweza kila kitu inaua hadithi, kwa kuwa msomaji haogopi tena.

3. Isitumiwe ovyo. Ikilia kila ukurasa, inakuwa kama kengele ya shule.

4. Msaada ukawie, au uje kwa sura isiyotarajiwa. Hapo ndipo tabia za wahusika hufichuka: nani mvumilivu, nani msaliti.

5. Mhusika abaki na kazi ya kufanya. Hili ndilo jibu la ule wino mwekundu.

Niliiandika upya insha yangu. Safari hii ngoma ilisikika usiku katika vijiji saba, na kijana akangoja hadi alfajiri kuona nani atakuja. Walikuja watu wanane tu. Mwalimu aliisoma, akaniuliza, "Kisha?" Swali hilo lilinifurahisha kuliko alama.

Zoezi

(a) Taja ala moja ya muziki ya jamii yenu na ueleze hupigwa wakati gani.

(b) Ipe nguvu moja tu ya ajabu na masharti mawili.

(c) Andika aya ya kwanza ya hadithi ambamo ala hiyo inapigwa, lakini msaada haujafika.

Shime, wanachama! Chukueni kalamu.