Ndoo Tisa na Chupa Moja
Kijitabu cha kaya: jinsi figo zinavyochuja damu na kutengeneza mkojo

Chukua ndoo tisa za lita 20, zilezile unazokingia maji, uzipange mlangoni. Kando yake weka chupa moja ya maji ya dukani, ile ya lita moja na nusu. Ndoo tisa ni lita 180. Hicho ndicho kiasi cha majimaji ambacho figo za mtu mzima mwenye afya huchuja kutoka kwenye damu kwa siku moja. Chupa ile ndiyo mkojo wake wa siku hiyo, kwa kukadiria. Sasa swali la mwenye akili ni hili: maji ya zile ndoo yamekwenda wapi?

Usidhani una lita 180 mwilini. Damu yote ya mtu mzima ni kama lita tano, na ukiondoa chembe zake, majimaji yanayobaki ni lita tatu hivi. Ni hayohayo yanayochujwa, yakarudishwa, yakachujwa tena, mara hamsini hadi sitini kwa siku, ukiwa shambani, sokoni au usingizini.

Zilipo

Shika kiuno kwa mikono miwili, vidole gumba vikiwa mgongoni. Figo ziko juu kidogo ya vidole hivyo, zimejificha chini ya mbavu za mwisho, moja kila upande. Ya kulia imeshuka kidogo kwa sababu ini limekaa juu yake. Aliyewahi kupasua mbuzi wa Krismasi anazijua: umbo la punje ya haragwe, zimefunikwa mafuta. Za binadamu kila moja ni kama ngumi yake. Zote mbili pamoja hazifiki nusu kilo, lakini katika lita tano za damu ambazo moyo unasukuma kila dakika, zaidi ya lita moja inapita kwao.

Hapa nitoe onyo mapema. Wengi wetu hapa Soweto (hii yetu ya Moshi, si ile ya Afrika Kusini) kiuno kikiuma tunasema, "figo zinanisumbua." Mara nyingi si figo. Ni misuli iliyobeba ndoo, mkungu wa ndizi au mfuko wa saruji. Mawe ya figo na maambukizi huuma kweli, tena sana. Lakini ugonjwa unaoziua figo polepole kwa kawaida hauumi hata kidogo, na huo ndio ubaya wake.

Kutoa vyote nje kwanza

Watu hudhani figo ni kama chujio la chai, linalonasa takataka na kupitisha kilicho safi. Sivyo. Inafanana zaidi na mama anayesafisha nyumba wageni wa Desemba wanapokaribia. Hahangaiki kuokota taka moja moja chini ya kabati. Anatoa kila kitu uani, vitanda, sufuria, viti, kisha anarudisha ndani kile anachokitaka. Kinachobaki uani ndicho cha kutupwa.

Kila figo ina vyumba vya kazi hiyo vipatavyo milioni moja, vidogo visivyoonekana kwa macho. Vinaitwa nefroni. Mwanzoni mwa kila kimoja kuna kishada cha mishipa myembamba sana ya damu. Presha ya damu inasukuma, na kupitia kuta za kishada maji yanatoka pamoja na kila kilicho kidogo: chumvi, sukari, madini, dawa ulizomeza, na urea, ambayo ini huitengeneza kutokana na protini za nyama na maharage. Chembe nyekundu za damu na protini nyingi ni kubwa, hazipenyi. Aliyekamua mbege, pombe yetu ya ndizi, kwa kitambaa anaelewa: machicha yanabaki, kilichoyeyuka kinapita, kiwe kitamu au kichungu.

Utaona mantiki yake. Mwili hauhitaji kuitambua kila sumu ya dunia hii. Inatosha uvitambue vitu vyake wenyewe na kuvirudisha.

Mfongo

Kurudisha ndiko kazi kubwa, na kwa wenyeji wa mlima huu wa Kilimanjaro mfano uko jirani. Mfongo, mfereji wetu wa kumwagilia, unachota maji mtoni kule juu, unashuka ukipita kihamba kwa kihamba (mashamba ya nyumbani), na kila mwenye zamu anafungulia maji yaingie kwake. Yanayofika mwisho wa mfongo ni machache, tena si yale yaliyotoka mtoni.

Kila nefroni ina mrija mwembamba, na majimaji yaliyochujwa yanashuka humo kama maji ya mfongo. Pembeni yake mishipa ya damu inasubiri zamu. Sehemu ya kwanza ya mrija ndiyo yenye pupa: inarudisha kama theluthi mbili ya maji na chumvi, na sukari yote. Kwa siku, chumvi inayochujwa inazidi kilo moja. Karibu yote inarudi kwenye damu, na inayotoka kwenye mkojo ni takriban ile uliyozidisha mezani. Sukari inayochujwa ni kama gramu 160, na kwa mtu mzima wa afya hakuna inayopotea. Lakini sukari ya damu ikipanda mno, kama kwa mwenye kisukari asiyetibiwa, mrija unazidiwa, sukari inamwagikia kwenye mkojo na kuvuta maji mengi pamoja nayo. Ndiyo maana mgonjwa huyo anakojoa kila saa na kiu haimwishi.

Mwishoni mwa mrija kuna lango, na mlinzi wake hakai kwenye figo, yuko kichwani. Ubongo ukihisi damu imekuwa nzito, unatuma homoni ya kuamuru maji yabanwe. Mkojo unakuwa kidogo na wa njano iliyokolea. Ukinywa maji mengi, amri inasitishwa, lango linaachia, mkojo unakuwa mweupe. Pombe humnyamazisha mlinzi huyu. Mnywaji anakojoa kuliko alivyopaswa, kisha anaamka na kiu na kichwa kinagonga.  Kiu hiyo ni ya maji yaliyotoka bila kibali.

Kilichobaki hutiririka kwenye mirija miwili hadi kibofu, na huo sasa ni mkojo.

Figo za mpagazi

Kaya nyingi za Moshi zina kijana anayepanda Kibo kubeba mizigo ya wageni au kuwaongoza. Mwambieni kwamba huko juu figo zake hufanya kazi ambayo watu wa bondeni hawaioni. Hewa ikiwa nyepesi, mtu anahema haraka na kupoteza hewa ya ukaa, na damu inapungua asidi kuliko inavyotakiwa. Figo zinasawazisha kwa kumwaga bikaboneti kwenye mkojo. Kwa hiyo kukojoa mara nyingi siku za mwanzo mlimani ni dalili njema, mradi anywe maji. Vidonge vya Diamox ambavyo wageni humeza hufanya kazi kwenye figo hizohizo: vinaharakisha umwagaji huo.

Kuna la pili. Figo zikihisi hewa safi imepungua kwenye damu, zinatoa homoni ya kuiambia mifupa itengeneze chembe nyekundu zaidi. Figo zilizochoka hazitoi homoni hiyo ya kutosha. Ndiyo maana mgonjwa wa figo anaishiwa damu, na vidonge vya kuongeza damu peke yake havimsaidii sana.

Na la tatu, ambalo nalisema kwa msisitizo: magoti yakiuma baada ya kushuka, vijana humeza diklofenaki au ibuprofeni kila siku kama pipi. Dawa hizo hubana mishipa inayoleta damu kwenye figo. Mtu aliyekauka maji akizimeza anaziumiza figo mara mbili. Safari hadi safari, mwaka hadi mwaka, ni hatari.

Mkojo mwingi si ushahidi

"Mimi nakojoa vizuri, figo zangu nzima." Kauli hii ndiyo iliyonifanya niandike kijitabu. Figo iliyoharibika inaweza kutoa mkojo mwingi tu, mweupe kama maji, kwa sababu imeshindwa kurudisha maji na kuacha taka nje. Kinachopima figo ni kilichomo kwenye mkojo na kilichobaki kwenye damu.

Utafiti uliofanyika katika kaya za Moshi mjini na vijijini, matokeo yakachapishwa mwaka 2015, uliwapima watu wazima 481. Ugonjwa sugu wa figo ulikadiriwa kuwapata asilimia 7 ya watu. Mjini ilikuwa asilimia 15.2, vijijini asilimia 2 tu. Katika wenye ugonjwa, mmoja kwa kumi hivi ndiye aliyekuwa anajua. Na karibu nusu yao hawakuwa na presha, wala kisukari, wala virusi vya UKIMWI. Kwa hiyo usingoje upate presha ndipo ujiulize habari za figo, ingawa presha na kisukari bado ndivyo visababishi vya kuogopwa kwanza.

Ya kutazama nyumbani ni machache. Povu linalokaa chooni kama la bia, siku baada ya siku, laweza kuwa protini iliyopenya chujio lililotoboka. Damu kwenye mkojo, hata isiyouma, ni ya kwenda hospitali. Uso kuvimba asubuhi au miguu jioni, vivyo hivyo. Rangi ya machungwa kwa anayetumia dawa za kifua kikuu si ya kutisha. Ni dawa inatoka.

Chumvi isizidi kijiko kimoja cha chai kwa siku kwa mtu mzima, vyakula vyote vikihesabiwa. Magadi yanayolainisha maharage ya kiburu yana sodiamu ileile iliyomo kwenye chumvi, kwa hiyo yahesabu pia. Maji kunywa kwa kiu na kwa kuangalia rangi ya mkojo. Kujilazimisha lita nyingi hakuponyi figo mbovu, na kwa ambaye figo zimeshindwa, maji ya ziada humjaa mapafuni. Kuhusu chupa za "kusafisha figo" zinazouzwa mitaani, nina neno moja: figo ndizo zinazosafisha. Mitishamba isiyojulikana kipimo nayo hupita kwenye vishada vilevile.

Figo zikishindwa kabisa, mashine husafisha damu, kwa kawaida mara tatu kwa wiki, saa nne kila mara. Au mtu apandikizwe figo, jambo ambalo Tanzania ililifanya kwa mara ya kwanza Muhimbili, Novemba 2017. Vyote viwili ni gharama kubwa kwa kaya.

Mama mjamzito hupimwa protini kwenye mkojo kliniki, kwa kikaratasi chenye viraka vya rangi, na majibu hutoka baada ya dakika chache. Baba aliyefika miaka arobaini huwa hapimwi, na sioni sababu ya maana. Ukienda kupima presha, iwe zahanati, hospitali ya Mawenzi au ya KCMC, omba na mkojo upimwe, na ikiwezekana kreatinini, taka ambayo figo huitoa kwenye damu. Kinga mkojo wa asubuhi: mwaga ule wa mwanzo, kinga wa katikati kwenye kichupa safi, ufike maabara ndani ya saa moja au mbili.