Kabla ya Kutunga, Zima Sauti

Toru Takemitsu, aliyezaliwa Tokyo mwaka 1930, kwa sehemu kubwa alijifunza utunzi mwenyewe. Hadi anafariki mwaka 1996 alikuwa ametia muziki filamu zinazokaribia mia moja. Ukitaka kuingia kwenye kazi hii, jifunze kwake kwanza pa kunyamaza.

Tafuta *Ran*, filamu ya Akira Kurosawa ya mwaka 1985. Ngome inavamiwa, mishale inanyesha, watu wanaanguka mmoja baada ya mwingine, lakini husikii farasi wala mayowe. Ni okestra tu inayoomboleza taratibu. Ghafla bunduki inalia, mtoto mkubwa wa mtawala anaanguka, na kelele zote za vita zinafumuka kwa pamoja. Mlio ule unauma kwa sababu masikio yalinyimwa kila kitu kabla yake. Tazama sehemu hiyo kwanza bila sauti, kisha irudie ukiwa na sauti, uandike muziki unaingia wapi na unatoka wapi.

Na kwenye kazi yako, kabla hujagusa kinanda, orodhesha sauti ambazo picha inazo tayari. Amua ipi ibaki, ipi iondoke. Hapo ndipo watunzi wengi chipukizi wanapoharibu: wanajaza muziki kila penye nafasi.

Usibanwe na ala pia. Katika *Kwaidan* ya Masaki Kobayashi, Takemitsu alitumia mlio wa mbao zinazopasuka, na unatisha kuliko ngoma yoyote. Simu yako inatosha kurekodi bawaba ya mlango au kamba inayokazwa. Punguza kasi ya sauti uliyorekodi, usikilize kinachotokea.

Kuhusu kupata kazi, Takemitsu alilelewa kikazi na Fumio Hayasaka, mtunzi wa *Seven Samurai*, na mwaka 1956 akashirikiana na mtunzi mwenzake Masaru Sato katika filamu ya *Crazed Fruit*. Kwa hiyo omba kumsaidia fundi, hata kama ni kunakili nota. Zaidi ya hapo, shikamana na mwongozaji wa rika lako. Takemitsu na Hiroshi Teshigahara walifanya pamoja filamu ya hali halisi kuhusu bondia José Torres mwaka 1959, na mwaka 1984 bado walikuwa pamoja kwenye ile ya majengo ya Antoni Gaudí, ambayo karibu haina maneno. Mwongozaji wa namna hiyo mwombe uende naye wanakopiga picha, usisubiri kuletewa filamu iliyokwisha kuhaririwa.